“Mwalimu, Naomba Unirekebishie”: Kauli ya Kutendea na Wajibu wa Msahihishaji wa Makala ya Mwanafunzi



1.0 Utangulizi

Awali ya yote napenda kuushukuru uongozi wa Chuo kwa kunipa heshima ya kutoa mhadhara huu wa umma. Mihadhara ya aina hii kwa kawaida huhusu mambo makubwa: historia ya usanifishaji, sera ya lugha, uundaji wa istilahi. Mimi nimechagua jambo dogo, ambalo kila mwalimu aliyemo ukumbini humu amekutana nalo wiki hii au wiki iliyopita. Mwanafunzi anabisha hodi, anaamkia, anaweka karatasi zake mezani, kisha anasema: “Mwalimu, naomba unirekebishie.”

Sentensi hiyo ina maneno matatu tu, na kila mmoja wetu anadhani anaielewa. Swali ninalotaka tulitafakari ni hili: mwanafunzi huyo anaomba nini hasa? Na mwalimu afanye nini pale ambapo ombi lenyewe halijabainika?

Hoja yangu ina sehemu tatu. Kwanza, utata wa ombi hilo hautokani na uzembe wa mwanafunzi, bali umo ndani ya sarufi ya Kiswahili, katika mnyambuliko wa kutendea. Pili, utata huo hulindwa na adabu ya mazungumzo baina ya mdogo na mkubwa. Tatu, mwalimu anayeshika kalamu kabla ya kuuliza huwa amekwisha kuchagua maana mojawapo kwa niaba ya mwanafunzi, na mara nyingi huchagua ile inayomnyang’anya mwanafunzi kazi yake. Sisemi haya kwa kuwanyooshea kidole wenzangu. Kosa nitakalolieleza hivi punde ni langu mwenyewe.

2.0 Makala kutoka Igogo

Mwaka 2003, katika chuo nilichokuwa nikifundisha wakati huo, alinijia mwanafunzi wa mwaka wa pili. Kwao ni Igogo, hapa Mwanza. Wenyeji wa jiji hili hawahitaji kuelezwa Igogo ni wapi. Kwa faida ya wageni wetu, ni kata ya Wilaya ya Nyamagana, kusini mwa katikati ya mji, ambako nyumba hupanda mlimani zikipenya baina ya miamba, na ukisimama juu unaliona ziwa lote la upande huo. Watu wa Igogo hutoka makabila mengi ya Kanda ya Ziwa: Wasukuma, Wakerewe, Wajita, Wahaya, Wajaluo, Wakuria na wengineo. Lugha inayowaunganisha ni Kiswahili, na Kiswahili hicho kina msamiati wake.

Mwanafunzi yule alikuwa ameandika makala kuhusu msamiati wa wauza samaki. Ninyi mnaujua mkoba huo wa maneno: sato, sangara, furu, dagaa, kayabo, mabondo. Neno lililomshughulisha zaidi lilikuwa *panki*, wingi wake *mapanki*. Sangara, samaki aliyepandikizwa ziwani katika miaka ya 1950 na 1960, alikuja kuwa biashara kubwa, na viwanda vya minofu vikachipuka Mwanza. Minofu ilipakiwa kwenda nchi za nje. Kilichobaki, yaani kichwa na uti wa mgongo pamoja na mbavu, kiliuzwa kwa wananchi, kikakaangwa au kukaushwa, kikawa kitoweo. Hicho ndicho panki.

Alipoweka karatasi mezani alisema: “Shikamoo, mwalimu. Samahani kwa usumbufu. Naomba unirekebishie kidogo tu.” Nikaitikia marahaba, nikamwambia arudi Ijumaa. Sikumwuliza neno jingine lolote.

Nilifanya kazi hiyo kwa bidii, na wakati ule niliona fahari. Nilisahihisha tahajia. Nilitenganisha /l/ na /r/, mkanganyo unaosikika kwa wasemaji wengi wa lugha za Kibantu za bara. Nilivunja sentensi ndefu. Kila nilipokutana na neno *panki*, nililikata kwa kalamu nyekundu na kuandika juu yake “mifupa ya samaki”, kwa kuwa sikuliona katika kamusi niliyokuwa nayo mezani. Mimi ni mtu wa pwani. Neno lile lilikuwa geni masikioni mwangu, na ugeni wa neno kwangu niliuhesabu kuwa ni kosa la mwandishi.

Sasa sikilizeni. Katika ukurasa wa tatu mwanafunzi yule alikuwa ameandika sentensi iliyobeba makala yote: *Panki si mifupa.* Alieleza kwamba mifupa ni kitu cha kutupwa, bali panki ni kitu cha kununuliwa. Kwamba mama anayeuza gengeni hauzi mabaki, anauza chakula. Na kwamba jamii, kwa kukipa kitu kile jina jipya, ilikitoa katika kundi la taka na kukiingiza katika kundi la vitoweo. Baada ya marekebisho yangu sentensi hiyo ilisomeka: *Mifupa ya samaki si mifupa.* Nami niliipita bila kushtuka, kwa sababu nilikuwa nikitafuta makosa, si maana.

Mwanafunzi aliyachukua makala, akashukuru, akayaandika upya kama nilivyoelekeza. Alipata alama nzuri. Makala yake yalikuwa safi, na hayakuwa na hoja.

3.0 Kauli ya kutendea na maana zake

Turudi sasa kwenye sarufi. Kitenzi *rekebisha* kikiongezwa kiambishi cha kutendea huwa *rekebishia*. Kiambishi hiki, ambacho umbo lake hubadilika kuwa -i-, -e-, -li- au -le- kulingana na mzizi, kimeelezwa na wanasarufi wengi, akiwemo Ashton katika kitabu chake cha mwaka 1944. Sina nia ya kurudia maelezo yao. Nataka tuangalie maana tatu tu ambazo zinahusu mada yetu.

Maana ya kwanza ni ya faida. *Mama amempikia mtoto uji.* Mama ndiye mtenda, mtoto ndiye anayefaidika. Maana ya pili ni ya niaba. Mtu asiyejua kuandika akimwambia jirani yake, *Niandikie barua*, haombi apelekewe barua. Anaomba jirani ashike kalamu mahali pake. Hata hivyo, sentensi hiyo hiyo ikitamkwa na mzazi anayemuaga mwanawe stendi ya basi ina maana nyingine kabisa: barua itoke kwa mtoto, ije kwa mzazi. Umbo ni moja. Kinachotofautisha ni muktadha.

Maana ya tatu husahaulika madarasani, nayo ni ya hasara. *Amenivunjia sahani. Ng’ombe wamemfia. Mvua imetunyeshea.* Hapa anayetajwa na kiambishi cha yambwa hakufaidika hata kidogo, tendo limemwangukia. Kiswahili hutumia kiambishi kile kile kwa anayesaidiwa na kwa anayeumizwa. Sarufi haitoi hukumu. Inasema tu kwamba tendo lilimhusu.

Basi, mwanafunzi anaposema *unirekebishie*, sarufi inaruhusu tafsiri ya kwanza: *rekebisha kwa faida yangu*, yaani nisaidie nione kasoro ili niweze kuzirekebisha. Inaruhusu pia tafsiri ya pili: *rekebisha kwa niaba yangu*, yaani fanya wewe kazi ambayo mimi siwezi au sitaki kuifanya. Na tendo likishakamilika, tafsiri ya tatu inaweza kutimia bila mtu yeyote kuikusudia: *mwalimu amenirekebishia makala*, kwa maana ile ile ya *amenivunjia sahani*.

Ugumu unazidi kwa sababu kitenzi chenyewe hakitaji kinachorekebishwa. Je, ni tahajia? Ni sarufi? Ni mpangilio wa aya? Ni hoja? Ni upungufu wa data? Tuna vitenzi vingi katika uwanja huu: kusahihisha, kuhariri, kupitia, kuangalia, kuboresha, kunyoosha. Katika mazungumzo ya kila siku wanafunzi huvitumia kana kwamba ni kimoja. Anayesema “niangalizie” huenda anataka makala yavunjwe na kujengwa upya. Anayesema “nirekebishie” huenda anataka kusikia tu kwamba kazi imesimama.

Naomba niongeze jambo moja kuhusu neno *sahihi*. Katika Kiswahili neno hili lina maana mbili ambazo kamusi huziweka karibu. Sahihi ni kilicho kweli, kisicho na kosa. Sahihi pia ni alama ya jina ambayo mtu huitia kwenye hati kuonyesha kwamba maneno yaliyomo ni yake. Ninapotazama makala yale ya mwaka 2003, naona kwamba niliyafanya kuwa sahihi kwa maana ya kwanza, nikayafutia sahihi kwa maana ya pili.

4.0 Adabu kama chanzo cha utata

Mtu anaweza kuuliza: kwa nini mwanafunzi hasemi waziwazi anachotaka? Wanaisimu wa pragmatiki wametusaidia kulijibu swali hili. J. L. Austin, katika mihadhara aliyoitoa Harvard mwaka 1955 na kuchapishwa mwaka 1962, alionyesha kwamba kusema ni kutenda. Brown na Levinson, katika utafiti wao uliotoka kwanza mwaka 1978, walieleza kwamba ombi ni tendo linalohatarisha heshima ya pande mbili, na kwamba wasemaji hutafuta njia za kulipunguza makali.

Kiswahili kina akiba kubwa ya njia hizo. Mwanafunzi huanza na shikamoo, hufuatisha samahani, hutumia *naomba* badala ya *nataka*, kisha hulifinyaza ombi lenyewe kwa maneno *kidogo* na *tu*. Kila neno kati ya hayo ni la adabu, na kila moja linaficha sehemu ya ombi. Mwanafunzi mwenye adabu hawezi kumwambia mwalimu wake, “Usiguse tahajia, soma hoja yangu.” Kauli hiyo itasikika kama amri. Hawezi pia kusema, “Sikuelewa ulichoandika pembeni mwa ukurasa,” kwa kuwa itasikika kama lawama.

Kwa hiyo utata wa ombi si ushahidi kwamba mwanafunzi hajui anachotaka. Mara nyingine hajui, ni kweli. Lakini mara nyingi anajua, ila lugha ya heshima haimpi nafasi ya kulisema. Nafasi hiyo hutolewa na mkubwa. Methali yetu inasema kuuliza si ujinga, nasi huinukuu kwa wanafunzi. Inatuhusu sisi kwanza.

5.0 Urithi wa kalamu nyekundu

Lipo jambo la kihistoria linaloeleza kwa nini sisi walimu wa Kiswahili tukisikia *rekebisha* tunaelewa *sanifisha*. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 ulikubali Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu. Mwaka 1930 ikaanza kazi Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki, Frederick Johnson akiwa Katibu wake wa kwanza. Miongoni mwa majukumu ya Kamati hiyo ilikuwa kusawazisha tahajia na kukagua lugha ya vitabu vya shule. Miswada ilipelekwa, ikasomwa, ikarekebishwa. Mwaka 1964 kazi ya Kamati ilirithiwa na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili, na mwaka 1967 sheria ikaunda Baraza la Kiswahili la Taifa, ambalo nalo likapewa dhamana juu ya usanifu wa lugha.

Sina ugomvi na kazi hiyo. Bila ya hiyo nisingekuwa nazungumza nanyi leo kwa lugha ambayo mtu wa Bukoba na mtu wa Lindi wanaielewa sawasawa. Lakini kukagua kitabu cha shule ni kazi moja, na kumsaidia mwanafunzi kuirekebisha kazi yake ni kazi nyingine. Kitabu cha shule hutakiwa kifanane na vitabu vingine. Makala ya utafiti hutakiwa yaseme jambo ambalo hayo mengine hayajasema. Mkaguzi huuliza: je, neno hili limo katika kamusi? Mwalimu wa utafiti anapaswa kuuliza: ikiwa halimo, kwa nini watu wanalitumia?

Mwaka 2006 nililazimika kulikumbuka panki. Filamu ya Hubert Sauper ya mwaka 2004, iliyojulikana kwetu kama *Jinamizi la Darwin*, ilizua mjadala mkali nchini, na sehemu kubwa ya ubishi ilihusu mapanki: je, ni chakula cha watu au ni mabaki ya viwanda? Viongozi walizungumza, magazeti yakaandika. Swali ambalo mwanafunzi wa Igogo alikuwa amelijibu kwa njia ya isimu, kwa sentensi ya maneno matatu, nililifuta mimi miaka mitatu kabla ya wengine kuliuliza.

6.0 Mfano kutoka Ukerewe

Ili tusiishie kwenye makosa, tutazame mfano mwema, ambao haukutoka mbali. Aniceti Kitereza, mwenyeji wa kisiwa cha Ukerewe, alimaliza mwaka 1945 kuandika riwaya ndefu kwa Kikerewe kuhusu maisha na mila za watu wake. Hakupata mchapishaji. Mwishoni mwa miaka ya 1960 watafiti wawili Wamarekani, Gerald na Charlotte Hartwig, walikuwa Ukerewe na wakajihusisha na mswada huo. Kikerewe kilikuwa na wasomaji wachache mno kwa mchapishaji kukubali gharama. Shauri lililoonekana kufaa ni kwamba kitabu kitolewe kwa Kiswahili, na aliyekifasiri alikuwa Kitereza mwenyewe, akiwa mzee wa zaidi ya miaka sabini.

Ingewezekana mtu mwingine apewe kazi ile: kijana, msomi, mwenye Kiswahili cha chuoni. Pengine ingekwisha haraka zaidi. Lakini riwaya ilipochapishwa na Tanzania Publishing House mwaka 1980, ikiwa na jina refu la wahusika wake, *Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka na Ntulanalwo na Bulihwali*, Kiswahili chake kilikuwa ni cha Kitereza. Mwandishi alifariki mwaka 1981 kabla ya kukitia mkononi kitabu kilichochapwa. Hilo ni jambo la kuhuzunisha. Hata hivyo, walio karibu naye walisaidia kwa maana ya faida, si kwa maana ya niaba, na ndiyo sababu tunaposoma kitabu kile leo tunamsikia yeye.

7.0 Mapendekezo

Kutokana na hayo niliyoeleza, napendekeza mambo manne kwa walimu wenzangu.

Kwanza, tuulize kabla ya kusoma. Maswali matatu yanatosha. *Makala haya yatasomwa na nani, na lini?* Anayewasilisha kesho hasaidiwi kwa namna ile ile na mwenye mwezi mzima. *Ni sehemu gani inayokukosesha usingizi?* Swali hili humpa mwanafunzi ruhusa ya kusema alichokificha kwa adabu. *Nieleze kwa mdomo, bila kutazama karatasi, unachotaka kusema.* Mara nyingi anachokisema ni bora kuliko alichokiandika, na kazi yetu inakuwa kumwonyesha tofauti hiyo.

Pili, tufuate utaratibu kutoka kikubwa kwenda kidogo: hoja, kisha ushahidi, kisha mpangilio wa aya, kisha sentensi, na mwisho tahajia. Hakuna faida ya kunyoosha sentensi ambayo kesho itaondolewa. Kalamu nyekundu huvutwa na tahajia kwa sababu kosa la tahajia huonekana bila kufikiri.

Tatu, tutenganishe maneno ya mwandishi na maneno ya data. Usemi wa muuza samaki, mvuvi au kondakta ulionukuliwa katika utafiti hausahihishwi. Neno tusilolijua tulipigie mstari na kuandika pembeni: “Hili ni nini?” Laiti ningeandika maneno hayo matatu mwaka 2003.

Nne, pale ombi linapobaki na utata hata baada ya kuuliza, turekebishe aya moja tu, tena mbele ya mwanafunzi, tukieleza sababu ya kila badiliko. Aya zilizobaki azirekebishe mwenyewe kwa kufuata mfano. Akitaka zaidi, atasema. Na akisema, ombi litakuwa limebainika.

Wapo watakaoniambia kwamba mambo haya yamepitwa na wakati, kwani sasa mwanafunzi huingiza makala yake katika programu ya akili mnemba, akaandika “rekebisha”, na kazi ikarudi baada ya sekunde chache. Siidharau teknolojia hiyo. Ila nataka tutambue kwamba programu hizo, zikipewa neno hilo moja, mara nyingi huchukua maana ya niaba na kuanza kazi bila kuuliza lolote. Tusizilaumu upesi. Hivyo ndivyo nilivyofanya mimi, nikiwa na shahada ya uzamivu na kalamu ya shilingi mia. Ikiwa mwalimu naye hatauliza, mwanafunzi hatakuwa na sababu ya kubisha hodi mlangoni kwake.

8.0 Hitimisho

Miaka kadhaa baada ya makala yale nilifika Mwanza kwa shughuli za mitihani, nikapanda Igogo kumtembelea mwanafunzi wangu, ambaye sasa ni mwalimu wa Kiswahili katika shule ya sekondari. Alinikaribisha vizuri sana. Mezani palikuwa na ugali na panki la kukaanga, nami nikala, nikathibitisha kwa ulimi wangu kwamba panki si mifupa. Baada ya chakula alileta jalada lenye nakala ya kwanza ya makala, ile yenye wino wangu mwekundu. Alikuwa ameitunza.

Nilimwuliza wakati ule alitaka nini hasa. Akasema, “Nilitaka kujua kama hoja inasimama, mwalimu.” Nikamwuliza kwa nini hakuniambia. Alitabasamu, akajibu kwa upole: “Ningesemaje, mwalimu? Ulikuwa umeshashika kalamu.”

Niliomba anipe nakala ile, akakataa, na nadhani alikuwa na haki. Lakini aliniruhusu niisome tena pale pale, tangu mwanzo, bila kalamu. Nilipofika ukurasa wa tatu nilimwambia, nikiwa nimechelewa miaka mingi, kwamba hoja inasimama.